Nilimfuta Shahidi wa Pekee wa Adeer

Kosa ni langu. Simsingizii shetani, wala simu, wala upepo wa Garissa. Barua hii nimeiandika na kuifuta mara sita, na huko kufuta ndiko kulikoniponza, kwa hiyo hii ya saba naituma na kasoro zake.

Baba yangu mdogo namwita adeer, naye, kama ilivyo desturi yetu, huniita adeer vilevile. Alionekana kwenye televisheni enzi za picha nyeusi na nyeupe. Alikuwa kijana Nairobi, akawa anaitwa studio kuwaeleza watazamaji habari za ngamia. Wakati ule kipindi kilikwenda hewani papo hapo, kikaisha. Hakikuhifadhiwa.

Basi mjini hawamwamini. Akienda kibandani kunywa chai, wazee wenzake humtania: "Waryaa, wewe Televisheni! Leo ngamia wako wamesemaje?"

Hucheka nao. Lakini nyumbani aliniambia, "Adeer, nisife nikiitwa muongo."

Mimi nimejifunza mwenyewe kupiga na kuhariri video. Nikamwahidi kumrekodi akisimulia, watu wamwamini.

Tulikuwa tunarekodi kwenye soko la mifugo alipotokea mzee wa Tarbaj aliyeleta ngamia. Kumwona adeer tu, akapiga kelele:

"Wallahi, ni wewe! Nilikuona kwenye televisheni, dirishani kwa duka la redio, Nairobi! Ulipiga chafya mbele ya nchi nzima, ukasema alhamdulillah, ukaendelea na ngamia wako!"

Adeer alicheka mpaka kofia ikaanguka. "Hiyo chafya sijawahi kumwambia mtu!"

Yaani shahidi alijileta mwenyewe mbele ya kamera yangu!

Nami niliona nini? Mbuzi wanalia. Upepo unavuma. Mzee ameipa kamera mgongo, kichwa cha adeer kimekatwa nusu. Jioni, simu niliyorekodia ilipojaa, nikaifuta video ile. Ewe Mola, niliifuta! Kesho yake nikamketisha adeer mbele ya ukuta, peke yake, nikamrudisha mara kumi na tatu mpaka akasimulia bila kukwama.

"Sisi kule studio tulisema mara moja tu," alinung'unika.

Nikaiweka video hiyo mpya mtandaoni. Ilikuwa safi mno! Watu wakaandika: "Mzee amekaririshwa." Mwingine: "Hii imetengenezwa na kompyuta." Kibandani wakapata utani mpya.

Nikatafuta namba ya mzee wa Tarbaj, nikamsihi aseme tena. Akaniuliza:

"Maneno yangu uliyatupa?"

"Picha haikutoka vizuri, mzee wangu."

"Mimi nilishuhudia kwa sababu niliona. Sishuhudii ili picha iwe nzuri." Akakata simu. Nimempigia tena na tena. Hapokei.

Adeer hakunigombeza. Heri angenigombeza! Kibandani haendi tena, chai anainywea nyumbani. Kila nikipita mlangoni pake nafanya kama nina haraka. Na juzi redio yake ilipokwama, alinyoosha shingo akaniita: "Fundi, njoo uangalie hapa."

Fundi! Miaka yote hii nilikuwa adeer wake.

Ninyi mnaorekodi wazee wenu, nawasihi: msifute kitu kabla hamjamuuliza mwenye maneno. Kichwa kikikatwa, kikatwe. Upepo uvume. Acheni mbuzi walie!