Bangili ya Khatijabai

Zamani, shuleni misheni, padre alituonyesha picha za sinema zisizo na sauti. Hazikukosa msichana aliyesingiziwa; tuliiona midomo yake ikijitetea, nasi tusisikie neno. Nilimkumbuka msichana yule sebuleni kwa Rameez, kule ughaibuni Mississauga, siku Wamaitha aliponiomba nimsindikize.

Wamaitha, binti wa kanisa letu la Parkdale, alimtunza Khatijabai, mama yake Rameez, ambaye kiharusi kilimnyang'anya kauli. Bangili ya dhahabu ya bibi huyo ilikuwa imekutwa mkobani mwa Wamaitha. Alisema amepewa. Bibi mwenyewe, aulizwe lolote, huitikia kwa kichwa tu. Kibali cha Wamaitha cha kuishi nchini kilitegemea kazi hiyo, na nani angemwajiri mtu aliyefukuzwa kwa kumwibia mgonjwa?

Narjis, mke wa Rameez, alituonyesha kwenye simu yake picha iliyonaswa na kamera ya chumbani. Haikuwa na sauti. Khatijabai ameketi, Wamaitha anaivuta bangili mkononi mwake, picha inakatika.

"Umeona, Mama?" Narjis aliniambia. "Anamvua bila haraka, kama anamenya chungwa."

"Ilikwama, dada," alisema Wamaitha. "Yeye ndiye aliyeniashiria nimsaidie." Akamgeukia Rameez. "Kaka Rameez, nakusihi. Tazama na yaliyofuata."

"Yaliyofuata hayana maana," alisema Narjis.

Rameez alizifungua picha za kamera ile kwenye simu yake mwenyewe.

Wamaitha anamrudishia bibi bangili. Bibi anamnyooshea tena. Msichana anapiga goti, anaipokea kwa mikono miwili. Ndipo Khatijabai anapovipitisha viganja vyake juu ya kichwa cha msichana, kisha anavikunja vidole kwenye panja zake mwenyewe, kama anavialisha vitoe mlio.

Rameez aliiweka simu mezani.

"Anamwondolea kijicho," alisema taratibu. "Mama alinifanyia hivi siku niliyoondoka Tanga kuja kusoma. Huwafanyia watoto wake tu."

Narjis hakumtazama mumewe. "Miaka yote niliyokaa nyumba hii," alisema, "mimi hajanifanyia hata siku moja."

Chumbani kengele ya Khatijabai ililia, nao wanawake wote wawili wakainuka pamoja. Narjis akaketi tena.

"Nenda," alimwambia Wamaitha. "Anakuita wewe."