Daktari wa Kufupisha Saa

Adinani aliporudi Tabora na shahada ya udaktari wa muziki, haikupita wiki mama mmoja wa Kanyenye akampelekea mtoto mwenye homa. Adinani alikasirika. Alisema yeye ni daktari wa nyimbo za wapagazi, wale waliobeba pembe za ndovu kwa miguu kutoka hapa hadi pwani. Mama yule akambeba mwanawe akaenda kutafuta daktari wa kufaa. Mimi ni jirani, nyumba zetu zinachangia ukuta mmoja, na siku hiyo nilicheka mpaka nikakaa chini.

Kicheko kiliniisha alipopiga zeze uani kwake. Wimbo wenyewe alifundishwa kule Itetemia na mzee Masanja, mkulima ambaye babu yake alikuwa kirangozi, mtu wa kutangulia mbele ya msafara akiimba. Nilikuwa nachambua mchele. Nikazinduka wali umeiva, umeliwa, na vyombo vimeoshwa kwa mikono yangu mwenyewe, nami sina habari. Wimbo ule ulikula saa. Mikono iliendelea na kazi, kinywa kikasema, mwenye mwili hayumo. Mpigaji peke yake ndiye aliyebaki macho, maana kwenye msafara lazima mmoja aione njia.

Msomi mwingine angeogopa. Wetu alichapisha kadi zenye jina lake. Mitesh wa duka la vitambaa alimkodi ili wateja wasichoke kusubiri, akamfukuza jioni ile ile kwa sababu walitoka bila kukumbuka walichofuata. Aliyejua kumtumia ni diwani. Mikutano yake ikajaa watu kuliko harusi: hotuba ilianza, zeze likalia, mara tukajikuta tunapiga makofi ya mwisho. Tulirudi nyumbani hatukumbuki hata ahadi moja. Diwani naye hakukumbuka, ila yeye alikuwa hivyo tangu kabla ya zeze.

Nyumbani Adinani alikuwa na mkewe, Maua, fundi cherehani. Mara ya kwanza Maua aliomba mwenyewe, alipokuwa na uchungu wa kumzaa binti yao, Kabula. Adinani alipiga chini ya dirisha, na Maua akamkuta mtoto ameshavishwa. Nilimwonea wivu, sisemi uongo.

Tatizo ni kwamba bwana alinogewa. Maua akiuliza kwa nini hakuonekana kwenye arobaini ya baba yake, zeze. Akilalamika kwamba paa linavuja, zeze. Nami huku ukutani nilipotewa na saa zangu bure, ugomvi wa watu nisiupate hata utamu. Maua akizinduka, maneno yamekwisha na hajui nani kashinda. Adinani alijua. Mji mzima ukaisifu ndoa yao kwa utulivu, na yeye akaanza kuwapa wenzake mawaidha ya kuishi na mke. Nilitamani kumwagia maji ya vyombo.

Mwaka huu Kabula alipata nafasi chuo cha ualimu Mwanza. Tulimsindikiza stesheni. Maua alimkumbatia, akashangaa kichwa chake kinaishia kwenye bega la mwanawe.

"Mwanangu, umenipita urefu lini?"

Kabula alifikiri. "Hata mimi sijui, mama. Baba alikuwa anapiga."

Treni ilipoondoka Maua hakulia. Alinishika mkono tukaenda moja kwa moja Itetemia, kwa Masanja. Tulimwamkia, akaitikia marahaba, na Maua akamweleza yote. Mzee aliacha jembe.

"Kwani jioni hakusimulii?"

"Asimulie nini?"

Akasema wapagazi walikuwa na desturi yao. Wakifika kambini, kabla ya kugusa chakula, kirangozi aliwarudishia siku yao: mto waliovuka, aliyeteguka mguu, nani kamwambia nani nini. Asiposimulia, kesho yake hawamfuati.

"Hayo nilimfundisha, mwanangu. Akasema hayo si muziki, hayawezi kuingia kwenye kitabu chake cha udaktari."

Tulimkuta Adinani uani, anakaza uzi wa zeze. Nilipaswa kwenda kwangu, sikwenda. Maua alitandika mkeka, akaketi mbele yake.

"Baba Kabula, sikuja kugomba. Nataka siku zangu. Anzia unapotaka."

"Siku zipi?"

"Ile ya arobaini ya baba. Nilikwambia nini?"

"Ulikuwa umekasirika."

"Hilo najua. Nilisema nini?"

Adinani akatazama ukuta wangu.

"Basi Kabula. Alipoanza kutembea, alimfuata nani kati yetu?"

Msomi akaliweka zeze chini. Kwa mara ya kwanza nilimhurumia, kidogo.

"Maua," akasema, "sikuwa nasikiliza. Nilikuwa napiga."

Maua akaitazama ile nyumba aliyopika, akazaa na kulea ndani yake.

"Kumbe miaka yote hii," akasema, "humu hamkuwa na mtu."