Kunguru wa Kwenye Santuri

Mwalimu wetu wa bayolojia alikuwa na santuri ya milio ya ndege wa mbali, na kwa kuwa mimi peke yangu darasani nilizaliwa kisiwani, aliniona kama jamaa yao. Akaniazima. Nikaibeba hadi Moseley, mtaa wetu wa huku ugenini, kwenye vyumba vya juu tulivyopanga, mimi na mama. Baba alibaki Unguja akingoja ruhusa ya kutoka. Kila tukiuliza tunaambiwa mwezi ujao, na huo mwezi hauna adabu, haufiki.

Nikamweleza mama kwamba huyu ni kunguru wa msituni, yuko visiwa vichache tu huko Pasifiki, hafuati majaa wala masoko. Mama akacheka. Kunguru gani asiyeiba samaki? Huyo, alisema, hakulelewa.

Nikaweka sindano. Ukatoka mlio mkavu, wa puani, kama mzee aliyeletewa chai baridi. Mama akaacha kukata kitunguu. Kwetu kunguru akilia karibu na nyumba, mtu humsemesha, naye akiitikia, mgeni yuko njiani na chakula huongezwa.

"Kama una heri, lia tena," mama akaiambia gramafoni.

Nikamwambia atalia tu, hana hiari, sauti yake imenaswa humo. Akalia. Mama akaongeza mchele sufuriani.

Nikamtania kwamba kunguru huyu Unguja haijui, atatuletea mgeni wa Pasifiki, tena mlafi. Mama alijifunga kanga mpya, akatenga sahani ya tatu, ile ya maua ambayo mimi siruhusiwi hata kuiosha. Wali ukaanza kupoa. Alivyokuwa akiutazama mlango, utani wote ulinikauka.

Nikatoka, nikashuka ngazi kwa kunyata, nikazipanda tena kwa kishindo.

"Hodi, wenyewe!"

"Karibu, mgeni," mama akaitikia, na kicheko kilikuwamo. "Karibu ule."

Nikakaa penye sahani ya maua, nikajitia utu uzima. Nikausifu wali, nikailaani meli iliyonileta. Mama akanipakulia minofu yote, kama apakuliwavyo mgeni. Kisha akauliza, taratibu, bila kucheka tena:

"Na huko utokako, mume wangu umemwacha hali gani?"

Mimi, ninayetolewa nje ya darasa kwa kuwa na jibu la kila kitu, nikajaza wali mdomoni.

Mama akangoja nimeze.