Ruth Bonareri, fundi anayezifunza simu za Kebirigo kunyamaza

Jumapili, saa mbili kasorobo asubuhi, na Ruth Bonareri tayari ana simu nne mezani kabla hata hajavua sweta. Saiba yake, duka la kompyuta na intaneti katika soko la Kebirigo, Kaunti ya Nyamira, haifunguliwi Jumamosi kwa sababu ya Sabato, kwa hivyo shida za siku mbili humjia kwa mkupuo.

Anaipangusa ya kwanza kwa kanga. Anaondoa kivinjari cha zamani kwenye ukurasa wa mbele, anaweka kingine. Hiki kipya kinazuia matangazo yanayomwandama mtu kutoka tovuti moja hadi nyingine, na ukikifunga kinasahau ulikotoka. Malipo ni shilingi hamsini. Anafanya kazi akiimba kwa sauti ya chini, wimbo wa kwaya ya jana.

"Wengine huniambia kwamba mtu mwema hana la kuficha," anasema Ruth, mwenye umri wa miaka thelathini na mitatu. "Nawauliza, na choo chako umekiwekea mlango wa nini?"

Kazi hii aliijua kwa kuumia. Mwaka wa pili wa saiba hii, mwalimu mmoja alitumia kompyuta ya Ruth kutafuta kazi katika shule nyingine. Alipoondoka, akakaa mwalimu mkuu wake. Aliandika herufi mbili tu, kompyuta ikammalizia zilizobaki na kumwonyesha barua yote ya maombi.

"Mimi sikumwambia mtu neno," Ruth anakumbuka. "Kompyuta ndiyo iliyosema. Lakini soko lilisema ni mimi."

Wateja arobaini kwa siku wakapungua hadi tisa. Alikaa wiki nzima akisoma namna ya kuzifunga midomo mashine zake tano, na tangu hapo hajaacha kusoma.

Leo anayemtoa jasho ni Mzee Haron Machogu, mkulima wa majani chai na mzee wa kanisa. Ameingia na simu iliyofungwa ndani ya leso, akaiweka mezani kama kitu kinachoweza kuuma.

"Imeanza kunionyesha vitu," anasema.

"Vitu gani, tata?" Ruth anauliza, akimwita baba kwa Kigusii.

"Vitu."

Ruth anamuuliza kama ni kamari. Mzee anatikisa kichwa. Kama ni mikopo. Anatikisa tena, kisha anageuka kuangalia lori la ndizi barabarani kana kwamba analinunua.

Ruth anaifungua simu na kuelewa papo hapo. Kila habari ya bei ya chai imezungukwa na magauni ya wajawazito, nepi na sidiria za kunyonyeshea.

Simu ya mkaza mwana wa mzee, Marion, ilitumbukia kwenye pipa la maji mwezi uliopita, na tangu hapo wawili hao hutumia hii moja. Mumewe Marion hufanya kazi mjini Kisii na hurudi mwisho wa mwezi. Marion ana mimba ya kwanza, miezi saba, na kila anachosoma simu inakikariri mbele ya baba mkwe.

Kwa Wagusii jambo hilo ni zito. Kati ya baba na mke wa mwanawe kuna chinsoni, ile heshima inayowazuia kutajiana mambo ya mwili. Tumbo la Marion limetangulia kila anapoingia sebuleni, lakini Mzee Machogu hajaliona na hataliona. Hawezi kumwuliza anachosoma, wala Marion hawezi kumweleza. Mzee amebaki na njia moja tu: isipotulia leo, simu itafungiwa sandukuni. Marion atakosa masomo yake ya ujauzito, na ujumbe wa kliniki utamkosa.

Ruth anafuta nyayo zote za zamani. Anaweka vivinjari viwili: cha mzee mbele, chenye habari na hali ya hewa, cha pili nyuma, chenye namba yake ya siri.

"Hiyo namba ataichagua nani?" mzee anauliza.

"Mwenyewe, tata."

Mzee anakohoa. Anasema kuna mtu amekaa kwa fundi cherehani ng'ambo ya barabara, basi aitwe, lakini yeye ana shughuli nje. Marion anapoingia, baba mkwe wake anahesabu mikungu ya ndizi.

Marion anaandika tarakimu nne. Ruth ameupa ukuta uso. Anamweleza pia kweli yote: kivinjari hiki hakimfichi kwa kampuni ya mtandao, kinamfichia waliomo nyumbani na wenye matangazo.

"Kwani alikuwa ameona?" Marion ananong'ona.

"Simu ilikuwa na matangazo mengi. Sasa haina."

Marion anacheka mpaka anashika tumbo. Kicheko chake kinamfikia mzee huko nje, naye anarudi, anafungua kivinjari chake, anasoma habari ya mvua, anasoma ya chai, anarudi kwenye mvua. Hakuna nepi.

"Imetulia," anasema na kumrudishia Ruth simu. Kisha, macho yakiwa kwa Ruth, anatamka kila neno ili lifike linakotakiwa: "Mwambie huyo akae nayo mchana. Mimi nitaitaka jioni tu, kwa habari."

Marion anaipokea kutoka kwa Ruth kwa mikono miwili.

Kuanzia mwezi ujao, Ruth anapanga kwenda kanisani kila Jumapili jioni kuwafundisha akina mama kufanya kazi hii wenyewe, bila malipo. Jirani yake sokoni amemcheka kwamba anajikatia riziki.

"Aniache," Ruth anasema, akivuta simu ya pili. "Nataka mama aje hapa kuchapisha barua tu. Siri yake awe ameifunga mwenyewe, nyumbani, na mimi nisijue hata kama anayo."