Matofali ya enzi za mkonge yalivyomhamisha bibi yangu Rudewa kabla ya masika

Wakuu, heshima kwenu. Wadogo zangu nawaitikia marahaba kabisa, maana najua humu hamuamkii.

Haya yametokea nyumbani kwetu Rudewa, Kilosa. Chumvi sijatia. Mwenye kubisha aje auone ukuta.

Bibi yangu mzaa mama alikuwa anaishi kwenye chumba cha matofali ya kuchoma kilichojengwa na baba yake enzi za Mwingereza.

Mzee huyo alitoka Songea kuja kuwa manamba, lakini badala ya kukata mkonge akawekwa kufyatua matofali ya nyumba za mabwana. Yaliyonyooka yalikwenda kwa meneja. Yaliyopinda yalitupwa. Akayaomba hayo, akajengea udongo.

(Wasiopenda historia vumilieni, grainda inakuja.)

Chumba kilishainama. Ukuta wa upande wa kitanda ulikuwa na ufa wa kupitisha mkono. Nikamjengea bibi chumba kipya cha bloku, madirisha ya aluminiamu, choo humo humo.

Akagoma.

"Chumba kizuri, mume wangu. Kalale wewe."

(Ndivyo bibi zetu wanavyotuita wajukuu, msianze.)

Masika ilikuwa inakaribia, nami kila wingu likitanda roho juu. Niliogopa ule ukuta utamlalia.

Ndipo fundi wangu Chande akaja na wazo: tubomoe ukuta wa mbele wa kile chumba, tukate matofali yawe vipande vyembamba, tuyabandike chumba kipya kama tiles. Mjini wanaziita brick slips, na watu wanazililia.

Bibi akafikiri weee, akakubali. Ila kitanda chake kisiguswe, kwa hiyo tukaegemeza paa kwa nguzo na kuziba mbele kwa turubai, akaendelea kulala humo.

Chande akawasha grainda, akakata ubavu wa matofali, maana ubavu ndio unaoonekana ukutani. Vipande vikatoka safi, vyekundu, nikafurahi. Viini vilivyobaki vikaenda kwenye kifusi.

Bibi akaja na mkongojo wake, akautazama ukuta tuliouanza.

"Baba yuko wapi?"

Nikadhani uzee.

Akaenda kwenye kifusi, akaokota kiini kimoja, akakigeuza. Mgongoni, ule uso mpana unaolaliwa na tofali la juu, kulikuwa na michirizi mitatu ya vidole.

"Kila mfyatuaji alikuwa na alama yake, nyapara ajue tofali la nani. Baba alikuwa anavuta vidole vitatu likiwa bado bichi. Mimi nilikuwa namnyunyizia mchanga kwenye kalibu, tofali lisigande. Sasa nyie mmebandika ubavu, baba mmemtupa."

Wakuu, nimekulia kwenye kile chumba na sikuwahi kujua. Alama zilikuwa zimelala ndani ya ukuta miaka yote, tofali juu ya tofali.

Chande hakubisha. "Samahani, bibi. Tunamrudisha."

Akabandua vile vipande vya ubavu, akaviokota viini, akakata migongo. Akavisugua kwa brashi (udongo wa zamani unatoka kirahisi, simenti ingetutesa), akailowanisha bloku, akabandika kwa gundi ya tiles. Ukuta mzima ukawa vidole.

Bibi akaweka vidole vyake vitatu kwenye michirizi. Vyake vidogo, havikujaza.

Akasema, "Shikamoo, baba."

Nililia mbele ya fundi, na sioni aibu kuliandika.

Jioni ile ile bibi akaniamuru nihamishe kitanda.

Masika ilipopiga, ule ukuta wenye ufa uliangukia ndani, pale pale kilipokuwa kitanda. Bibi alikuwa chumba kipya, analalamika kwamba choo kiko karibu mno na mtu anapolala.

Namshukuru Mungu. Namshukuru Chande. Namshukuru na yule mzee wa Songea ambaye sikumkuta, kwa matofali aliyookota kwenye taka za mabwana.

Nilichojifunza: mzee akigoma kuhama, muulize kwanza anamwacha nani. Na tofali la zamani ligeuze pande zote kabla hujawasha grainda.

Ninyi ambao wazee wenu walipita mkongeni, iwe Rudewa au Kimamba, hata walioishia kuhamia Mikumi, tuambieni waliacha alama gani. Bibi amekaa hapa pembeni, ameegemeza mgongo kwa baba yake, ananisubiri nimsomee.