Kanisa la Mawe Kwenye Kalenda

Miaka ile mitumba ilipofurika minadani, nilinunua blauzi na muuzaji akanifungia kwa kalenda ya Ulaya ambayo mwaka wake ulishapita. Kila ukurasa ulikuwa na picha ya kanisa kuu moja la mawe, lililojengwa karne nyingi zilizopita. Nilipofika nyumbani na kuifungua, nilisahau blauzi.

"Umenyamaza," mume wangu alisema. "Unatazama nini?"

Yeye haoni tangu utotoni. Alisoma Buigiri, shule ya wasioona, na wakati huo alikuwa mwalimu wa kwaya kanisani kwetu, hapa Dodoma mjini. Nikamwambia ni kanisa, refu mno.

"Refu kama nini?"

Nikaishika mikono yake, nikaisimamisha wima, nikakutanisha ncha za vidole. "Nguzo zinapanda hivi, halafu zinainama na kukutana huko juu. Mafundi wameyachonga mawe mpaka yamekuwa kama matawi."

Akaviachanisha vidole, akavikutanisha tena polepole.

"Na madirisha?"

Yalikuwa ya vioo vya rangi, watakatifu wekundu na wa buluu, na jua lilikuwa limemwaga rangi zao sakafuni. Nikamvuta hadi dirishani kwetu, nikakiweka kiganja chake juani, kisha kivulini, kisha juani tena.

"Sasa fikiria kuna majua ya namna nyingi, na yote yanaingia kwa pamoja."

Alikaa na mkono wake pale kitambo. "Watu wakiingia humo wanafanya nini?"

"Nadhani wanatazama juu na kunyamaza."

"Kama ulivyonyamaza wewe," akasema, akatabasamu.

Jumapili iliyofuata aliziacha ngoma. Aliwapanga wanawake mlangoni na wanaume karibu na madhabahu, akawaambia waanze kuimba chini kabisa na kupanda taratibu. Kanisa letu lilikuwa la matofali na bati, dari haikuwepo. Lakini sauti zilipokutana juu ya vichwa vyetu, watoto waliacha kuchezacheza, na mimi nikajikuta nimeinua uso.

Baada ya ibada bibi mmoja muumini alimshika mume wangu mkono. "Mwalimu, wimbo huu umeutoa wapi?"

"Shikamoo, bibi. Ni ule ule wa siku zote. Mke wangu alinionyesha kanisa fulani, nikataka na ninyi mwingie."

Bibi alinigeukia, akaniuliza kanisa hilo liko mtaa gani. Nilimkaribisha nyumbani kwa chai, aje aione kalenda.