Joto la Mayai ya Mong'ina

Mwaka wa 1966, Mong'ina, mke wa Bichage mwenye duka la nguo pale Kosele, alikuwa na sanduku la mbao la kuangulia mayai, lililopashwa joto kwa taa ya mafuta. Kazi hiyo ilimfunga nyumbani. Kila mara ilibidi achungulie kipimajoto, apandishe utambi au aushushe. Mwezi wa Machi alikwenda Kisii kumzika shangazi yake. Aliporudi, mayai sitini yalikuwa yameiva ndani ya maganda. Alilia peke yake jikoni.

Ndipo akaenda Homa Bay kutafuta kifaa cha kuongoza joto. Mwenye duka la mashine alimwonyesha kwanza kile cha umeme, kinang'aa.

"Kosele hakuna stima, bwana."

"Basi kuna hiki." Alitoa kidude bapa cha shaba, chenye kimiminiko ndani. Kikipata joto hufura, kikasukuma wenzo unaofunua tundu juu ya taa, joto likatoka. Bei yake haikufika robo ya kile cha umeme.

"Niletee bakuli la maji moto," Mong'ina akasema.

"Mama, hii ni ya Uingereza. Haina shida."

"Haina shida kwako. Mayai ni yangu."

Kidude kilitumbukizwa majini, kikabaki vile vile. Wakajaribu kingine cha aina ile ile, kikafura.  Mwenye duka akamfungia hicho cha pili.

Nyumbani hakuweka mayai. Alikifunga kidude sandukuni, akapanga chupa za maji, akawasha taa, akawa anakaza skrubu ya kurekebisha wenzo na kuilegeza kwa siku tatu, hadi kipimajoto kikatulia kwenye digrii mia moja na tatu za Farenhaiti.

"Sasa unaangua chupa?" Bichage akamcheka.

"Chupa hazifi."

Ndipo akaweka mayai. Wiki ya pili ikaja habari kwamba binti yao Orpah amejifungua huko Kisegi. Mong'ina alisita mlangoni, kikapu mkononi.

"Nenda, mama Orpah," Bichage akasema. "Mimi nitaongeza mafuta na kuyageuza mayai tu. Skrubu siigusi."

Alikaa Kisegi siku nne, akimpakata mjukuu huku mawazo yakiwa Kosele. Aliporudi alikwenda moja kwa moja kwenye sanduku, hata viatu hakuvua. Mia moja na tatu.

Walitoka vifaranga arobaini na wanane, mmoja kiwete. Huyo alimlisha kwa mkono. Sabato iliyofuata, mayai mengine yakiwa tayari sandukuni, alikaa kanisani hadi mwisho wa ibada, mara ya kwanza tangu aanze kazi hiyo.